Sufuria Moja au Mbili? Uhakiki wa Fani ya Mchuzi wa Adesi wa Ndara

Mchuzi wa adesi nyekundu ni kazi ngumu kuhakiki kwa sababu unaficha ufundi wake. Pilau huanika kila kitu sahanini: punje, nyama, kiazi, hata ganda la iliki. Adesi zikishaiva hazina la kuonyesha. Punje zimevunjika, wekundu umegeuka manjano, kitunguu hakionekani, na mlaji mwenye haraka husema, "Si dengu tu hizi?" Hapo ndipo pa kuanzia. Chakula ambacho malighafi yake hupoteza umbo motoni hakina budi kulipata umbo kwingine, nacho hulipata katika mpangilio: kipi kinatangulia, kipi kinafuata, na kipi kinawekwa akiba hadi mwisho.

Hoja yangu ni fupi. Mpishi wa nyumbani Ndara, chini ya mlima Sagalla karibu na mji wa Voi, amepokea chakula kilichopangwa kwa vyombo viwili akakifanya cha chombo kimoja. Badiliko hilo si uvivu. Ni fani kamili yenye mantiki yake. Ila mwanzo wake ni mzuri kuliko mwisho wake, na kasoro hiyo inarekebishika bila kununua chochote.

Chakula cha njia ya reli

Ndara imezoea wapitaji. Msafiri Joseph Thomson alipita hapo mwaka 1883 akielekea nchi ya Wamasai, na mwaka huohuo mmishonari J. A. Wray wa Church Missionary Society (CMS) alikuwa akianza kituo chake mlimani Sagalla. Misafara ilifuatwa na reli. Ujenzi ulianza Mombasa mwaka 1896, na kufikia mapema 1898 mataruma yalikuwa yameshapita Voi yakielekea Tsavo. Vibarua wapatao 32,000 waliletwa kutoka India, wengi wao wakiwa watu wa Punjab, na takriban 6,700 kati yao walibaki baada ya mikataba kwisha. Kwenye njia hiyohiyo, Masingasinga walijenga hekalu lao la Makindu mwaka 1926, na hadi leo jiko lake humlisha msafiri yeyote bila malipo: dengu, chapati, wali, chai. Dereva wa lori aliyetoka Mombasa akapita Voi asubuhi anaweza kuketi Makindu mchana mbele ya sahani ya dengu iliyoungwa kwa utaratibu wa Kipunjabi. Kwa hiyo tunapoupima mchuzi wa Ndara, kipimo cha kulinganisha hakiko mbali. Kiko barabara ileile.

Adesi zenyewe hazilimwi Ndara. Mashamba ya chini ya Sagalla hutoa mahindi, kunde, pojo na mbaazi, mvua ikinyesha na tembo wa Tsavo wakikubali. Ndiyo maana tangu 2009 baadhi ya mashamba hayo yamezungushiwa ua wa mizinga ya nyuki ili kuwazuia. Adesi nyekundu hutoka dukani. Ni adesi ya kawaida iliyokobolewa ganda lake la kahawia na mara nyingi kupasuliwa katikati, na Kanada ni miongoni mwa nchi zinazoongoza duniani kwa kuiuza nje. Nyanya hutoka Taveta, dania hushuka kutoka milima ya Taita, nazi hupanda kutoka pwani. Ukihesabu vilivyomo sufuriani, hakuna kiungo ambacho Ndara inaweza kujidai nacho. Kilicho cha Ndara ni namna ya kuvipanga, na hicho ndicho mhakiki anapaswa kukitazama.

Muundo wa vyombo viwili

Tuanze na muundo wa mwanzo. Chombo cha kwanza hubeba adesi, maji, manjano na chumvi. Kikombe kimoja cha adesi huhitaji vikombe vitatu hivi vya maji. Povu jeupe hupanda mapema, mpishi hulienga kwa upawa, moto hupunguzwa, na baada ya dakika 15 hadi 20 punje zimelainika kiasi cha kupondeka kwa mwiko. Hadi hapo chakula kina mwili lakini hakina harufu ya maana. Ukionja utapata unga, chumvi kidogo na uchungu wa mbali wa manjano.

Harufu inapikwa pembeni. Katika kikaango kidogo samli hupashwa moto mpaka punje moja ya bizari nyembamba ikitupwa ndani ianze kutoa vipovu papo hapo. Ndipo zinatiwa zote. Kwa muda mfupi sana, hata nusu dakika haifiki, punje hizo huzungukwa na vipovu, rangi yake hukolea kutoka hudhurungi ya vumbi hadi kahawia, na harufu hubadilika: ile ya ghalani huondoka, huja ya kitu kilichokaangwa. Kitunguu saumu kilichokatwa vipande vyembamba hufuata, kisha pilipili kavu. Mpishi hana nafasi ya kumjibu mtu mlangoni. Bizari ikiungua mchuzi wote ni mchungu, na hakuna sukari itakayouokoa. Kikaango hugeuzwa juu ya adesi, mafuta hulia "chwaaa!", na sufuria hufunikwa haraka. Wapunjabi wanaita tendo hilo tadka, Wagujarati wanaita vaghar.

Sababu ya kutenga vyombo si mapambo. Sehemu kubwa ya harufu za viungo huyeyuka vizuri katika mafuta kuliko katika maji, na zilizo nyepesi hutoroka na mvuke. Bizari iliyochemka pamoja na adesi kwa dakika 20 imekwisha kuitia nyumba harufu, na iliyobaki kwa mlaji ni ndogo. Muundo wa vyombo viwili unaziweka harufu mbali na mvuke mpaka dakika ya mwisho, kisha unaziacha zikielea juu na mafuta, mahali ambapo pua huzikuta kabla ya ulimi. Hicho ndicho kilele cha chakula hiki. Yote yaliyotangulia ni maandalizi yake.

Muundo wa Ndara

Sasa twende Ndara. Jiko ni moja, mara nyingi la makaa, na sufuria ni moja. Mafuta yanatangulia. Kitunguu kinakaangwa mpaka kiwe kahawia, kisha kitunguu saumu na tangawizi vilivyopondwa pamoja, kisha nyanya zinazokorogwa mpaka zirojeke na mafuta yajitenge kando. Manjano, bizari ya unga na unga wa giligilani huingia hapo. Adesi zilizooshwa hutiwa, hugeuzwageuzwa mpaka kila punje ipakwe mafuta, ndipo maji yanafuata na kifuniko. Mwishoni, kama ipo, dania.

Yeyote aliyepika sukuma wiki, maharagwe au nyama katika nyumba ya Kenya ataitambua njia hii. Kitunguu, nyanya, viungo, kisha mgeni wa siku. Adesi zimeingia katika kanuni ya nyumba. Nyumba haikuingia katika kanuni ya adesi. Kifani, huo ni uamuzi mkubwa, maana unabadilisha kazi ya kila kitu sufuriani. Kitunguu, ambacho katika muundo wa kwanza, kikitumiwa, huja mwishoni kama kiungo cha harufu, hapa kinakuwa msingi wa uzito. Nyanya zinarudisha wekundu ambao adesi hupoteza zikiiva. Na viungo, badala ya kuelea juu, vinapenya ndani ya punje zinapovunjika. Tonge la kwanza la mchuzi wa Ndara halikupigi puani. Ladha yake ni ya chini, nzito kidogo, yenye utamu wa kitunguu kilichokaangwa, na ni ileile kuanzia juu ya bakuli hadi chini.

Wako watakaosema huo ni mchuzi wa Kihindi uliopikwa vibaya. Siafikiani nao. Upishi mbovu ni ule usioweza kueleza sababu ya hatua zake, na hatua hizi zina sababu. Jiko moja haliwezi kubeba vyombo viwili kwa wakati mmoja. Kukaanga nyanya mpaka mafuta yajitenge kunaondoa ubichi wake na kuupa mchuzi mwili ambao vinginevyo ungehitaji adesi nyingi zaidi. Na katika nyumba ambayo maharagwe makavu hula makaa kwa saa mbili au tatu, chakula cha dakika 20 au 30 kwenye sufuria moja kina hoja ya kiuchumi isiyohitaji wakili.

Hata hivyo muundo huu una gharama mbili. Ya kwanza iko kwenye punje. Tindikali ya nyanya huchelewesha kulainika kwa adesi, maana huimarisha kile kinachozishikanisha kuta za chembe zake. Maji yenye chokaa hufanya kazi hiyohiyo, na visima vingi vya nchi tambarare za Taita Taveta vina maji ya chumvichumvi. Watu wengi huilaumu chumvi ya mezani. Wamekosea mshukiwa: chumvi hiyo haina neno, wakaidi ni nyanya na maji. Ndiyo maana ukichota mchuzi wa Ndara kwa uangalifu utakuta punje nusunusu zenye kingo katikati ya zilizoyeyuka. Mimi naipenda hali hiyo, kwa sababu jino linapata kazi, lakini ni lazima isemwe kwamba imetokana na mpangilio na si na aina ya adesi.

Gharama ya pili ni harufu. Viungo vilivyotiwa mwanzoni vimepita katika mchemko wote. Mafuta yameokoa sehemu, mvuke umechukua sehemu, na mwisho hakuna kinachokuja kuziba pengo. Nitalirudia jambo hili, maana ndilo kiini cha tathmini yangu.

Lugha ya "mpaka" na "kiasi"

Fani ya chakula cha nyumbani haikai sufuriani peke yake. Inakaa pia katika maneno yanayoirithisha. Msikilize mama wa Voi akimwelekeza bintiye. Kitenzi kinachotawala ni "tia": tia mafuta, tia kitunguu, tia nyanya. Dakika hazitajwi. Wakati wote unapimwa kwa "mpaka": kaanga mpaka kiwe kahawia, koroga mpaka mafuta yatoke juu, acha mpaka ubichi wa bizari uishe, chemsha mpaka zivunjike. Kila "mpaka" ni mtihani wa kiungo fulani cha mwili. Wa kwanza na wa pili ni wa jicho, wa tatu ni wa pua, wa nne ni wa mkono ulioshika mwiko.

Binti akiuliza, "Mama, maji kiasi gani?" hujibiwa, "Tia kiasi, mwanangu, utaona." Msomaji wa vitabu vya mapishi hukasirishwa na jibu hilo, akidhani ni ulegevu. Tulipime. Mji wa Voi uko mita 600 hivi juu ya usawa wa bahari. Wundanyi, mlimani, iko takriban mita 1,400. Maji huchemka Voi kwenye nyuzi 98 za Selsiasi hivi na Wundanyi kwenye 95 hivi. Adesi zilizokaa dukani muda mrefu huiva polepole kuliko mpya. Makaa yana hasira leo, kesho yana unyevu. Maelekezo yaliyochapishwa yakisema "chemsha dakika 20" yatafaa mahali pamoja na kuaibika pengine. Maelekezo ya "mpaka zivunjike" yanafaa Voi, yanafaa Wundanyi, yanafaa kwa gesi na kwa kuni. Lugha inayoonekana legevu imebana zaidi, kwa kuwa inataja matokeo na kumwachia mpishi njia.

Lakini itazame tena lugha hiyo inapofika mwisho. Mitihani yote iko katika nusu ya kwanza. Kitunguu kina mpaka wake, nyanya zina wake, bizari ina wake. Baada ya "mpaka zivunjike" maelekezo hunyamaza: onja chumvi, epua. Dania hutajwa kama hisani, "kama unayo". Hakuna jicho wala pua iliyopewa kazi wakati sufuria inatoka motoni. Pengo la harufu tuliloliona bakulini liko pia katika sentensi, na nadhani moja limelizaa jingine: kisichotamkwa katika mafunzo hakipikwi.

Mombasa ilivyolijibu swali hilohilo

Voi iko karibu katikati ya Makindu na Mombasa, na inafaa kugeuza shingo upande wa pili. Mpishi wa Mombasa huzipika adesi kwa tui. Hukuna nazi, hukamua tui zito na kuliweka kando, kisha huongeza maji kwenye chicha na kukamua tui jepesi. Adesi huivia ndani ya tui jepesi pamoja na kitunguu, manjano na pilipili. Tui zito husubiri. Punje zikishalainika ndipo linamiminwa, moto unapunguzwa, na mpishi hukoroga taratibu bila kuacha mpaka lichemke kidogo tu. Likiachiwa moto mkali linakatika. Ndimu au ukwaju hufunga kazi, na tindikali ikija mwishoni hivyo haina tena punje ngumu ya kuichelewesha.

Linganisha. Punjab huleta samli yenye bizari mwishoni. Mombasa huleta tui zito mwishoni. Ladha ni tofauti kabisa, moja kali na ya kukaangwa, nyingine pole na tamu, lakini nafasi ni moja: mafuta yenye harufu hufika wakati adesi zimekwisha kuiva, na kamwe hayachemshwi kwa muda mrefu. Mapishi mawili yenye malighafi mbalimbali yamefikia jibu moja kuhusu mwisho, na hilo linanishawishi kwamba jibu linatokana na adesi zenyewe. Kitu kisicho na umbo wala harufu yake kinadai kufungwa na kitu kilicho na vyote viwili. Ndara, iliyo kati ya Makindu na Mombasa, ndiyo inayoacha mlango wazi. Dania mbichi inasaidia, maana ina harufu kali, lakini haina mafuta ya kuishikilia, na ndani ya mchuzi wa moto hunyauka upesi.

Pakiti na uzito

Mambo mawili madogo kabla ya hukumu. Kwanza, unga wa mchuzi wa pakiti. Jikoni kwingi huingia mahali pa bizari, manjano na giligilani kwa pamoja. Sina ugomvi na urahisi, ila kwa upande wa fani pakiti inafuta mpangilio: viungo vyote vinafika wakati mmoja, vikiwa na chumvi na wanga ndani yake, na mpishi ananyang'anywa uwezo wa kusema hiki kitangulie na kile kisubiri. Mchuzi unakuwa mzito kwa wanga badala ya kuwa mzito kwa adesi.

Pili, uzito wenyewe. Mchuzi wa adesi hauna uzito mmoja sahihi. Una uzito unaokubaliana na kinachoandamana nao. Wali unautaka mwepesi upenye kati ya punje. Chapati inautaka mzito ubaki kwenye tonge. Sima inataka wa kati, unaoshika kishimo cha kidole bila kuchuruzika. Kosa la kawaida ni kuepua ukiwa umefikia uzito unaoutaka, ukisahau kwamba adesi huendelea kuganda zinapopoa. Anayeijua kazi huepua ukiwa mwepesi kidogo, na mgeni akibisha hodi huongeza kikombe cha maji ya moto bila kuuharibu. Hapa muundo wa Ndara unaushinda ule wa vyombo viwili: kwa kuwa ladha imeenea mchuzi mzima, maji ya nyongeza huipunguza kwa usawa. Kule, ukiongeza maji baada ya samli kumwagwa, umeharibu kilele.

Tathmini

Hukumu yangu, basi. Mchuzi wa adesi wa Ndara ni fani iliyokomaa mwanzoni na katikati. Ukaangaji wake wa kitunguu na nyanya una nidhamu, lugha inayoufundisha ni sahihi kuliko inavyodhaniwa, na uwezo wake wa kunyumbuka mbele ya wageni ni sifa halisi. Udhaifu wake ni mmoja: unakwisha kabla ya kumalizika.

Dawa haihitaji kikaango cha pili wala jiko la pili. Mafuta yakishapata moto mwanzoni kabisa, kabla ya kitunguu, tia kijiko cha bizari nyembamba nzima na vipande vya kitunguu saumu. Zikibadilika rangi, chota vijiko viwili vya mafuta hayo pamoja na bizari yake uweke kwenye kikombe cha bati kando ya jiko. Endelea kama kawaida kwa mafuta yaliyobaki. Na asiyependa punje zenye kingo abakize nusu ya nyanya, azitie wakati adesi zimeanza kuvunjika, ili tindikali isizicheleweshe. Ukiepua, mimina kile kikombe juu, tupia dania, funika. Mlio wa "chwaaa!" hutausikia kwa sababu mafuta yamepoa, lakini harufu iliyoyeyuka ndani yake haijaenda popote, na itamfikia mlaji kifuniko kinapofunuliwa.

Kwa hatua hiyo moja, sufuria ya Ndara inabaki moja, jiko linabaki moja, na chakula kinapata mwisho. Nawaomba mama na dada wanaofundisha watoto wao kupika waongeze "mpaka" mmoja tu katika maelekezo yao: usiepue mpaka umerudisha mafuta ya kikombe.